Philomena Nicodemo na Kioo cha Kesho cha Tumati

Marehemu Philomena Nicodemo, ambaye hapa kwetu tulimzoea kwa jina la Mama Yonas, alizaliwa tarehe 14 Agosti 1961 katika kijiji cha Nangwa, Hanang. Alikuwa mtoto wa tatu wa mzee Nicodemo Bura na mama Agatha, ambao wote wamekwisha kutangulia.

Alimaliza darasa la saba hapo Nangwa mwaka 1976. Baba yake alitaka abaki nyumbani achunge ndama. Basi akabaki, akachunga, na jioni akawafundisha wadogo zake kusoma hadi wakamchoka.

Tarehe 6 Oktoba 1984 alifunga ndoa takatifu na Hermani, akahamia huku Tumati. Mungu aliwajalia watoto watatu: Yonas, Helena na Glory.

Maisha yake yote Mama alilima mahindi, maharage na ngano, akafuga ng'ombe. Mwaka 2016 mradi mmoja ulileta kioo cha kesho katika kata yetu, naye akachaguliwa kukiendesha. Kwa wageni wasiokifahamu, ulikuwa mtambo uliomwonyesha aliyeketi mbele yake picha za siku ambazo huenda zikaja. Picha hazikuwa na sauti wala tarehe. Watu walikwenda kuuliza habari za mvua, za posa, za ng'ombe wagonjwa. Kila alipouwasha Mama alisema, "Haya yanaweza kuwa. Sijasema yatakuwa." Mzee Wolfgang, jirani yetu, alipojiona humo ana mvi zaidi na mkongojo, alisimama akavua kofia, akasema shikamoo. Akangoja marahaba weee, haikuja. Alitoka amenuna, akidai yule mzee hana adabu kabisa. Mama hakuweza kusimulia kisa hicho bila kucheka hadi machozi.

Lakini kioo hicho hicho kiliingiza ubaridi nyumbani kwake. Mwaka 2018 Hermani naye aliketi mbele ya kioo, akaona picha tatu. Mbili zilikuwa za mavuno mazuri, na hizo alizisahau siku hiyo hiyo. Ya tatu ilionyesha shamba la juu, magari yamepangwa, watu wageni wamejaa, Yonas amesimama katikati ameshika karatasi, na Hermani mwenyewe ameketi pembeni ameinamisha kichwa. "Huyu mtoto atauza shamba la baba zangu," akasema.

Tangu siku hiyo hakuitikia tena salamu ya Yonas. Mama alimsihi, akamkumbusha kwamba ni picha tu, asiziamini. Yonas hakuwa na hata wazo la kuuza, lakini alikwisha kuhukumiwa kwa kosa ambalo hajalifanya. Akaenda Babati, akafanya useremala. Kila alipokuja nyumbani alisema, "Shikamoo baba," na baba yake akaangalia ng'ombe. Jambo hilo lilimuumiza sana Mama, hatuna sababu ya kulificha. Mwaka uliofuata mradi ulifungwa, kioo kikabebwa, pakawa hapana pa kutazama upya.

Mwaka 2024 Mama alianza kusumbuliwa na moyo. Alitibiwa, akapata nafuu, akaugua tena. Yonas aliacha kazi yake akarudi kumuuguza. Mwezi Mei mwaka huu Mama aliomba azikwe shamba la juu, ambako ukisimama unaona upande wa kwao Hanang. Hermani alikubali. Kisha Mama akamuuliza:

"Baba Yonas, siku ile kwenye kioo, mimi uliniona?"

Hermani akafikiri. "Hapana. Wewe hukuwepo."

"Sasa wale watu wote walikuja kwa ajili ya nani?"

 Mzee alilia, na Mama ndiye aliyembembeleza. Asubuhi Yonas alipoingia na uji akasema, "Shikamoo baba," kama alivyozoea kusema bila kutarajia kitu.

"Marahaba, mwanangu."

Mama akasema masikio yake siku hizi hayasikii vizuri, arudie. Akarudia.

Mama Yonas aliaga dunia nyumbani kwake, Jumanne tarehe 3 Juni 2025 asubuhi, akiwa na umri wa miaka 63. Ameacha mume, watoto watatu, wajukuu saba, na mdogo wake Scolastica wa Nangwa. Familia inawashukuru waganga wa hospitali waliomhudumia, wanajumuiya, na majirani waliochimba kaburi.

Leo magari yamepangwa shamba la juu na wageni wamejaa. Hermani ameketi pembeni, ameinamisha kichwa. Karatasi hii anaisoma Yonas, kwa sababu baba yake ndiye aliyemwomba aisome.

Mungu ampe Mama pumziko la amani, katika shamba ambalo halikuuzwa.