Mgongo wa Kipenzi

Sogeeni, wanangu, na wewe kifungua mimba wangu zima hiyo redio, maana sauti iliyobaki ni ndogo na sina nguvu ya kushindana na mtu. Nyumba ni yenu wote wawili, asiiuze mmoja bila mwenziwe. Cherehani apewe jirani aliyeninywesha uji nyinyi mkiwa kazini, na msinune, amestahili. Ya mali yameisha, wala sikuwaitia mali.

Lisemwalo lipo, na kama halipo linakuja. Nimesikia kwamba mtayarishaji wa ile filamu niliyoiacha nusu nilipoanguka alipita hapa nikiwa nimelala, akamwomba kitinda mimba wangu avae gauni langu na kitambaa changu cha kichwa, apigwe picha kwa nyuma ili filamu imalizike, kwa kuwa mwendo wake ni mwendo wangu mtupu. Nasema hapana. Nisikilizeni kwanza, kisha mtaamua wenyewe kama ni dawa zinazoniongoza ulimi.

Mnaijua kazi yangu. Katika filamu nilikuwa mtu wa kufungua mlango wengine waingie: yaya, jirani mmbeya, shangazi, mama mkwe. Yule mama mkwe ndiye aliyeniponza, mpaka muuza nyanya akagoma kuniuzia, akidai nimemtesa mke wa mwanangu, na wewe kaka mtu ulikuwa bado unanyonya! Sikuwahi kuwekwa kwenye bango, na wivu sikuuona, au tuseme niliuona nikaumeza. Sura ya bango ilikuwa ya Kipenzi, ndivyo watu walivyomwita. Nilicheza yaya wake, tukatumia chumba kimoja cha kuvalia na kioo kimoja, naye alikuwa akinisukuma kwa kiwiko akicheka kwamba nisogee, watu wanakuja kumwona yeye.

Akafa ghafla, na kilichobaki kupigwa ni mwisho wa filamu tu, pale mwanamke anapotoka nyumbani kwake na kushika njia. Mwongozaji akanitazama mabega, uso hakuuangalia, akasema tunalingana. Kazi ni kazi, wanangu. Nikavalishwa gauni lake halijafuliwa, poda yake ingali kwenye ukosi, nikatembea. Wote wakasema nimetembea kama yeye. Mimi nilihisi mtu ananipumulia kisogoni, na tangu siku ile sijawahi kuwa peke yangu chumbani. Wanaosema kikulacho ki nguoni mwako hawakukosea.

Filamu ilipoonyeshwa, mama yake Kipenzi alisimama katikati ya ukumbi akaita jina la utotoni la mwanawe, mara mbili, kwa sauti ya kumwita mtoto aje kula. Haikupita wiki, yuko mlangoni kwangu, gauni lile mkononi. Aliniomba nilivae, nitembee tu kutoka sebuleni hadi mwisho wa korido. Nikatembea. Akalia, akanishukuru, akaenda zake. Akarudi. Akarudi tena, miaka, wanangu, nanyi mlikuwa mkitolewa nje mkacheze, mkidhani tunapimana nguo. Sharti lake lilikuwa moja, nisigeuke.

Sikugeuka, kwa huruma, na huruma ile ndiyo iliyommaliza. Kaburini kwa mwanawe hakukanyaga hata siku moja. Ya nini aende, alisema, na mtoto yuko kwangu. Mimi nami nikageuza kioo cha chumbani kikatazama ukuta, maana nilichoka kuangalia ndani yake na kutojua atatokea nani. Baba yenu aliniuliza mara moja tu, hakuuliza tena.

Kwa hiyo filamu yangu hii iachwe ilipo. Yule bibi niliyemcheza abaki jikoni kwake, asitoke. Wangapi hawamalizi walichoanza, na jua linachomoza?

Mbona hunitazami, kitinda mimba? Zunguka upande huu. Umeshakwenda kupigwa picha? Lini... juzi? Basi, usilie, nimeuliza tu. Maji yakimwagika hayazoleki. Nilowanishe midomo... inatosha.

Sikukasirikii, mama. Mwanangu atanikasirishaje leo? Nikiondoka, nizikwe upesi, msinisubirishe kwa ajili ya watu wa kamera. Radhi zangu nimewapa wote wawili, za mwilini na za moyoni, msije mkadhani niliondoka na kinyongo. Mungu awape usingizi mzuri, na watoto watakaowasumbua kama mlivyonisumbua. Shikaneni. Nyumba hii isisikie ugomvi.

Sogeza sikio... Filamu itaonyeshwa. Kaka yako atakwenda, atakuona ukitoka mlangoni na gauni langu. Yeye ndiye aliyekuwa akinililia hata nikienda kuoga. Ipo siku atakuja kwako, atasema, dada, tembea kidogo tu. Unasikia, wewe? Usijifanye kiziwi, nakujua... Usimfukuze, mama. Ni kaka yako. Tembea. Nenda mpaka mwisho wa korido, usiharakishe, mwache alie. Halafu geuka. Hata akikusihi, hata akipiga magoti... geuka. Mtazame usoni, umwambie, kaka, ni mimi. Mama amekufa.