Mzee Kamera Astaafu, Kisogo Chake Kinabaki Kazini

Kisogo maarufu kuliko vyote nchini ni changu. Msibishe. Kimeshinda tuzo mbili, na watu wamekililia machozi ukumbini huku mimi mwenyewe nimekaa nyuma yao natafuna karanga. Lakini leo si siku yangu, ingawa ingependeza. Leo tunamuaga Mzee Kamera, anayestaafu Ijumaa hii baada ya miaka thelathini na moja ya kutengeneza, hapa studio, filamu fupi kuhusu maisha yake mwenyewe.

Wageni waelewe kwanza. Filamu za Mzee ni za mambo ya kila siku: kutafuta miwani, kusubiri maji yachemke, kugombana na kitasa cha mlango wa choo. Mhusika ni yeye. Mpiga picha pia ni yeye, na kamera hampi mtu, hata Bosi. Sasa atajipigaje? Zamani alilivisha fagio koti lake, akalisimamisha dirishani likiwaza. Nilipoajiriwa kubeba nyaya, alinizungusha, akanikagua nyuma, akasema, "Kijana, vaa shati langu." Tangu hapo, kwenye filamu zake, yeye ni mimi, nikipigwa kwa nyuma.

Na kazi nimeifanya, jamani. Katika ile ya maji, majaji walisifu mgongo "uliobeba huzuni ya baba mzima". Huzuni gani? Nilikuwa na njaa. Mjukuu wake aliwahi kunirukia kwa nyuma akiita "Babu!", nikageuka, akalia mpaka akapewa biskuti. Mkewe naye alinikuta jikoni nimeinama kama nilivyoelekezwa. "We mzee, takataka umezitoa?" Nikazitoa. Mzee alirekodi yote, kisha akalalamika kwamba nimemharibia uhalisia, kwani yeye huwa hazitoi.

Ni huyo Mama aliyekuja na ombi. "Baba watoto, filamu zote za maisha yetu nimekaa na huyu mtoto wa watu. Niachie hata moja uliyomo wewe."

 Mzee akaamua filamu yake ya mwisho iwe yeye na mkewe wakinywa chai barazani, na akanikabidhi kamera kwa mikono miwili, kama anayekabidhi mtoto mchanga. Tulipiga mara moja tu. Mzee harudii picha. Anasema chai ya mara ya pili ni maigizo. Mtu aliyelivisha fagio koti!

Mzee, asante kwa shati. Tunakuombea asubuhi nyingi zisizo na mtu wa kupiga kelele "tayari", na chai unayoinywa ikiwa bado moto.

Filamu yenyewe mtaiona baada ya hotuba. Mwanga safi, sauti safi, na Mama anacheka kama msichana. Ila nilisimama pale nilipozoea kamera isimame. Nimempiga Mzee kwa nyuma, mwanzo hadi mwisho. Mjukuu ameshaiona nyumbani, akamuuliza bibi yake siku hiyo Babu alikuwa wapi.