Ukuta Wenye Kiwiko

Risala ya wazazi, walimu na wanafunzi wa Shule ya Msingi Kitaluni, siku ya kuwekwa jiwe la msingi la madarasa mapya

Mgeni rasmi, shikamoo.

Wiki nzima Mlima Meru ulikuwa umejifunika ukungu, na leo asubuhi umefunguka. Koko Nashipae, bibi yetu aliyeketi mstari wa mbele na shuka lake jekundu, anasema mlima huu una adabu: ukisikia mgeni anakuja, unanawa uso.

MAKARIBISHO

Karibu sana Kitaluni. Kabla ya shule, mahali hapa palikuwa na vitalu vya miche ya misitu, ndiyo maana ya jina. Wazee hutania kwamba hapa palioteshwa miti, kisha wakaoteshwa watoto, na kwamba miti ilikuwa na nafuu kwa kuwa haikupiga kelele.

Tunakushukuru kwa kupanda mpaka huku juu ya Olmotonyi na barabara yetu ikiwa vile ulivyoiona. Tumefurahi, na furaha yetu ina neno ndani yake. Tunaomba utusikilize mpaka mwisho.

HISTORIA YA SHULE

Mgeni rasmi, shule yetu ilianza katikati ya miaka ya sabini, taifa lilipoazimia kwamba kila mtoto aende shule. Azimio lilifika Kitaluni upesi kuliko mabati. Kwa hiyo akina mama waliamua kujenga chumba cha kwanza wenyewe, kwa mawe ya mtoni.

Mama wa upande wa juu walikuwa Waarusha, wakiongozwa na Koko Nashipae, wakati huo akiitwa Mama Lesian. Mama wa upande wa chini walikuwa wageni waliotoka Kilimanjaro na kulima hapa, wakiongozwa na Mama Elieshi. Mwanawe Elihuruma alikuwa na umri wa kuanza shule, akawa anabeba vijiwe vya kujazia na kuviangusha njiani. Mtoto huyo ndiye Mwalimu Elihuruma, mwalimu wetu wa historia, anayestaafu mwishoni mwa mwaka huu.

Makundi yale mawili yalianza kazi kutoka pembe mbili, yakishindana kwa nyimbo na kwa makande. Walikubaliana ukuta wa mbele uwe mbali na njia kwa kamba nne. Hakuna aliyeuliza kamba ipi. Mama wa juu walipima kwa kamba ya kufungia ndama; mama wa chini walipima kwa kamba ya kufungia mzigo wa majani ya ng'ombe, ambayo ni ndefu zaidi. Walipokaribia kukutana katikati, kuta zao zilikuwa zimepishana kwa urefu wa mkono.

Koko anasimulia kwamba walisimama wakizitazama. Kisha yeye akasema, "Wa kwetu umenyooka. Huo wenu ndio umetoka kilabuni."

Mama Elieshi akamjibu, "Mama Lesian, kamba yako imetafunwa na ndama."

Walicheka mpaka wakakaa chini. Kubomoa kungechosha kuliko aibu, basi wakaziunganisha kuta kwa kona fupi katikati. Chumba kikapata kiwiko, na mpaka leo tunakiita Darasa la Kiwiko. Asubuhi walisoma watoto. Jioni mama wale wale waliingia kusoma ngumbaru, na Elihuruma alisubiri nje huku mama yake akijifunza kuandika jina lake ndani ya ukuta aliouinua kwa mikono yake. Mwalimu hutuambia kwamba alichungulia dirishani akamwona mama yake akiogopa chaki, na kwamba siku hiyo ndipo alipotaka kuwa mwalimu.

MAFANIKIO

Mgeni rasmi, shule hii imetoa wauguzi, mafundi, mabwana misitu, wachungaji na mapadre, pamoja na madereva wa watalii wanaojua ndege kwa majina yao yote. Lakini fanikio tunalotaka kulisema leo lilianza kwa swali.

Mwaka juzi Mwalimu Elihuruma alikuwa anafundisha Azimio la Arusha. Alifundisha kama alivyofundisha miaka yote: tarehe, misingi, matokeo. Mwanafunzi mmoja, Diana, ambaye sasa yuko Darasa la Saba, alinyoosha mkono na kuuliza siku hiyo sisi tulikuwa wapi. Mwalimu alicheka, akamwambia alikuwa bado hajazaliwa.

Diana hakukaa. "Si mimi, mwalimu. Sisi. Ni hapo chini tu Arusha, na kitabu hakijatutaja."

Mwalimu alikuwa amefundisha mada hiyo tangu ujana wake, na mji wenyewe unaonekana ukisimama kwenye mlango wa darasa. Alijua watu wa Azimio walikuwa wapi. Hakujua watu wake walikuwa wapi. Alituambia baadaye kwamba alirudi nyumbani kwa miguu bila kukumbuka njia aliyopita.

Jumatatu iliyofuata aliwapeleka wanafunzi nje, mbele ya ukuta wenye kiwiko. Akachora mistari miwili mirefu, mmoja juu ya mwingine. Mstari wa juu, kwa rangi nyeupe, ni wa taifa: uhuru, muungano, Azimio, vita, vyama vingi. Mstari wa chini, kwa udongo mwekundu uliochanganywa na gundi, ni wa Kitaluni. Kila tarehe ya juu lazima ipate jibu chini yake, na jibu halimo kitabuni. Mwanafunzi hutumwa nyumbani kuuliza. Akirudi, husimulia mbele ya wenzake, na wenzake wakikubali, huandika.

Ndiyo maana, mgeni rasmi, chini ya Uhuru imeandikwa kwamba Mzee Meshack alishuka mjini kuona bendera ikipanda, akarudi na bendera ya karatasi na kukuta mbuzi wameingia kwenye maharage ya baba yake. Alichapwa akiwa raia huru. Chini ya Azimio imeandikwa kwamba Babu Bariki alikuwa Ngarenaro mjini kwa fundi baiskeli, na fundi akaacha kazi na gurudumu mkononi ili asikie redio. Chini ya mwaka wa njaa pameandikwa ugali wa unga wa njano, na jina la aliyeula mwingi kuliko wote. Mwenye jina hajakanusha.

Na chini ya Vita vya Kagera limeandikwa jina moja, Philemoni. Alikuwa mdogo wake Koko Nashipae. Alikwenda na hakurudi, na hapa nyumbani hatukuwa na cha kuzika. Kwa miaka mingi tulipita mbele ya nyumba yao bila kuuliza, tukidhani kunyamaza ndiyo heshima. Watoto wakauliza. Koko alisimulia kwa Kimaa, mjukuu wake Simaloi akitafsiri, na Simaloi alipofika mahali fulani akashindwa kuendelea, Mwalimu akamwambia akae, hatutafsiri kila kitu. Tangu siku ile Koko akipita kwenda kanisani husimama ukutani, huweka kiganja juu ya jina lile na kulisalimia. Padre mmoja mgeni alipomuuliza anafanya nini, alimjibu, "Mdogo wangu hana kaburi. Ana ukuta."

Mgeni rasmi, watoto wetu wamefaulu vizuri somo la historia ya nchi yao, na takwimu anazo mwalimu mkuu. Sisi tunaloliona ni kwamba mtoto anayejua bibi yake alikuwa wapi siku ya Uhuru, humsikiliza bibi yake hata anapomtuma kuni.

CHANGAMOTO

Hatutaki kukuficha. Madarasa hayatoshi. Watoto wetu wanasoma kwa zamu, na wadogo wengine wanasikiliza wakiwa wamesimama dirishani. Vitabu vipya vya historia ni vichache, kimoja hupita mikono mingi mpaka kinavuliwa jalada. Kwa hiyo taarifa ya madarasa mapya ilipofika tulipiga vigelegele, na tunaipigia tena leo kwa moyo mweupe.

Kisha ramani ikaletwa. Jengo jipya limechorwa mahali lilipo Darasa la Kiwiko. Wiki mbili zilizopita walikuja vijana wa kazi na kopo la rangi nyekundu, wakaweka alama ya X ukutani, wakaondoka. Hawakuwa na ubaya, walitumwa.

Jioni hiyo kamati ya shule ilikaa. Wengi tulitaka kuandika barua ya kupinga. Mwalimu Elihuruma alikuwa wa mwisho kusema, na alitukataza. "Mtoto aliyesimama dirishani hashibi ukuta wangu. Ombeni madarasa. Ukuta tumekwisha kuusoma." Aliyasema hayo akitazama chini, akasafisha miwani ambayo haikuwa chafu. Mwenyekiti wetu, Mzee Sankale, akaahirisha kikao, kwa kuwa hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kukubali.

Kesho yake, kipindi cha historia, wanafunzi walitoka nje kama kawaida. Diana akaitazama ile alama, iko pembeni tu ya mwisho wa mstari mweupe. Akauliza kama na hiyo ni tarehe. Mwalimu alifikiri, akasema ndiyo, kila kinacholetwa na nchi ni tarehe.

"Basi tunaandika nini chini yake?" akauliza Diana. "Siku hii sisi tulikuwa wapi?"

Mgeni rasmi, swali lile lilifika kila nyumba kabla ya giza. Liliingia jikoni, likaingia zizini, likakaa na sisi mezani. Tuliona aibu kwamba jibu letu lingekuwa: tulikuwa kikaoni, tumeahirisha.

MAOMBI

Hapa ndipo tunapomwomba radhi mwalimu wetu, aliyeketi pale akidhani risala hii inahusu matundu ya vyoo. Mwalimu, ulitukataza tusiombe ukuta. Tumekutii. Hatuuombi. Tumefanya kazi.

Chini ya Darasa la Kiwiko kuna shamba la mahindi la shule. Mhandisi aliyeleta ramani tulimuuliza kwa adabu kwa nini jengo lisikae huko. Akatujibu kwa adabu vilevile kwamba kuna mteremko, na kwamba pakisawazishwa yeye hana pingamizi. Basi tangu Jumatatu tumekuwa shambani kwa majembe na sururu. Upande wa juu umeanzia juu na upande wa chini umeanzia chini, kama mama zetu. Siku hizo Mwalimu alikuwa akishuka mjini Themi kwa mambo ya mafao yake, na tulihakikisha foleni yake inakuwa ndefu kwa kumsahaulisha karatasi moja. Tunamwomba radhi kwa hilo pia.

Tulipokuwa tunaanza kupima, Koko Nashipae alifika na mkongojo wake, akatusimamisha. Akatoa chini ya shuka kamba ya zamani ya kufungia majani, laini kwa kuzeeka. Ilikuwa ya Mama Elieshi. Aliiazima mwaka ule wa ujenzi akapime tena usiku, aone nani alikosea, na hakuirudisha. Rafiki yake amefariki bila kuambiwa matokeo. Tulimuuliza ni yupi aliyekosea. Akasema hilo halihusu shule.

"Pimeni kwa hii peke yake," akatuambia. "Kiwiko kimoja kinatutosha."

Mgeni rasmi, kiwanja kimesawazishwa, na mhandisi amekikagua jana. Tunachoomba ni kidogo kuliko tulichokuwa tumekiogopa. Tunaomba uidhinishe jiwe la msingi liwekwe pale chini na si hapa. Tunaomba Darasa la Kiwiko libaki kuwa chumba cha historia, na watoto wa madarasa mapya wapande kwenda kuandika. Tunaomba pia vitabu.

MWISHO

Mungu akulinde njiani, akupe afya na wepesi wa kazi, na ambariki Mwalimu Elihuruma katika kustaafu ambako tunajua hatakuweza. Mungu aibariki nchi yetu, mstari wa juu na mstari wa chini.

Nafasi iliyo chini ya alama nyekundu bado ni tupu. Wanafunzi wamechanganya udongo asubuhi hii, na Diana anao kwenye kopo, anakusubiri.

Vipimo vyote viko tayari isipokuwa upana wa mbele. Kamba ni ile moja. Ncha hii ameishika Mwalimu, tumempa sasa hivi mbele yako. Ncha ya pili, mgeni rasmi, tumekuachia wewe.

Ni sisi, wazazi, walimu na wanafunzi wa Kitaluni, wa juu na wa chini.