Dele la Mashavu na Manowari za Mwingereza

Ijumaa moja ya mwaka 2014, baada ya Alasiri, Mzee Mbarouk alitoka na dele lake la kahawa hadi kwenye benchi la Ghulail, mtaa wao huku ugenini, ameliziba tundu la chini kwa kitambaa. Dele lilikuwa la marehemu mkewe, Mashavu, Mungu amrehemu. Mashavu ndiye aliyevuka nalo bahari kutoka Unguja. Asubuhi binti yao Hala alisema likivuja tena analitupa jaani, ananunua chupa ya chai. Mzee alikuwa na haja moja tu: apate wa kuliziba. Lakini benchini maneno yalishaanza.

— Dunia ni chuma, alisema Usama, waliyemwita Admirali, ingawa hata mashua hajapanda. Mwingereza alikuwa na makaa ya mawe na chuma nyumba moja. Akayeyusha, akaunda manowari, bahari ikawa yake.

— Na mimi je? aliuliza Elphas Tani, Mkenya anayeleta nondo kwa lori kutoka Al-Sulay. Chuma nabeba kila wiki, na sina hata mtumbwi.

— Wewe unabeba cha kafili, bwana aliyekuleta huku kazini. Nguvu iko kwa anayeyeyusha.

— Jamani, hili dele…

— Subiri, mzee wangu. Tena zile meli zilikuwa na sumaku. Ndiyo maana makoloni yalizifuata yenyewe.

— Wacha, bwana. Nairobi ilivutwaje, na haina bahari?

— Reli. Reli ilikuwa mkia wa meli.

Elphas akaitikia kwa kichwa, ameridhika.

— Unguja walitupiga kwa meli hizo, Mbarouk alisema polepole. Vita havikumaliza saa. Meli ya Sultani waliiunda wao, wakaizamisha wao. Sasa mwenye kujua kuziba…

— Umesikia? Admirali alidaka. Mjerumani alipoona hivyo, akayeyusha mpaka vitanda.

Kahawa ilikuwa ikidondokea kanzu. Metrine, mfanyakazi wa nyumbani aliyepewa mapumziko na madam wake wa Al-Safa, alikuwa akitoka dukani na unga. Akasimama.

— Shikamoo, mzee.

— Marahaba, mwanangu.

— Hiyo kitu inavuja. Kwani hapa nani anajua kuchomelea?

Elphas alimgeukia Admirali.

— Kuchomelea ni mambo ya mafundi, alisema Admirali. Sisi tuko upande wa historia.

Mbarouk alimimina kilichobaki, hakikufika nusu ya kikombe, akampa Metrine. Kisha akalivingirisha dele ndani ya kilemba chake, akashika njia ya mlango wa nyuma, Hala asilione.