Vicheko Alivyovipima Bwana Brandeck

Leo, Jumamosi tarehe 14 Juni 2025, Bwana Ulrich Brandeck anastaafu baada ya miaka thelathini na minne ya kuandika vichekesho vya televisheni. Kamati ya kipindi chetu imeniomba mimi, Marziya wa darasa la kumi, niandike wasifu wake, nami nimeahidi kusema yote. Naanza na hili: nafasi anayoiacha nimeiomba mimi.

Alianzia Cologne, Ujerumani. Kwa miaka ishirini na miwili aliandika kipindi kimoja tu, cha meya anayepoteza funguo kila wiki. Nimetazama sehemu kumi na moja. Kila mara funguo zilikuwa mfukoni mwake. Nilicheka mara moja, paka alipopita mbele ya kamera, na sidhani kama paka aliandikwa.

Alipomfuata binti yake Toronto, alichukuliwa na kipindi chetu cha Kiswahili, kinachorekodiwa hapa ukumbini Rexdale. Aliandika kwa Kiingereza, Mwalimu Laiba akatafsiri. Meya akageuka mwenye duka. Hayo ndiyo mabadiliko yote.

Aliiamini saa ya kupimia wanariadha. Kila Jumamosi, bibi zetu wakinywa chai, Mwalimu Laiba aliwasomea mchezo mpya na Bwana Brandeck akabonyeza saa. Mchezo usiochekwa sekunde tatu, uwe wake au wetu wanafunzi, ulifutwa. Wa kwake haukufutwa hata mmoja kwa miaka kumi na miwili. Nilimuuliza Bibi Khatoon kama yule mwenye duka anamchekesha kweli. Alinitazama kana kwamba nimemwaga chai.

"Mwanangu, mzee wa watu katoka mbali. Tumnunie?"

Basi alichopima miaka yote hiyo ni adabu ya bibi zetu, na kwa adabu hiyo amepata tuzo mbili, zimetundikwa pale mlangoni.

Mwaka huu nilipeleka mchezo wangu: bibi wawili kwenye basi la Barabara ya Kipling wanasukumiana kiti kimoja kilichobaki, mpaka basi linafika mwisho wote wamesimama. Mimi si mgeni, ni mjukuu, hakuna aliyenionea haya. Walicheka sekunde mbili, kisha Bibi Khatoon akamgeukia Bibi Gulzar.

"Huyo ni wewe."

"Mimi? Na aliyenishika mkono nisikae ni nani?"

Wakabishana mpaka chai ikapoa, lakini saa ilikwisha simama. Mchezo wangu ukafutwa.

Hata hivyo, Bwana Brandeck hakuchelewa kazini hata siku moja, na hakuandika neno la kumdhalilisha mtu. Kwa hayo tunamshukuru kwa dhati, na tunamwombea afya na siku tulivu pamoja na wajukuu.

Bwana Brandeck, michezo ya wenzangu iliyofutwa uliirudisha siku ileile. Wangu uliukunja, ukautia mkobani, na hadi leo hujaurudisha. Kamati inachagua mwandishi Alhamisi. Tafadhali nijibu kabla ya hapo: umeuweka kwa nini?