Oreste Baldazzi na Sauti Isiyokuwa Yake

“Babu, mbona midomo yako inasema kitu kingine? Hapo unasema nini?”

Nilimuuliza marehemu swali hilo nikiwa na miaka saba, Jumapili mchana, mbele ya televisheni. Ndani ya filamu alikuwa jambazi aliyepigwa risasi jangwani, na sauti nzito ilikuwa ikitoka: “Dhahabu... iko chini ya msalaba...” Lakini midomo ilimaliza zamani. Bibi Ersilia alicheka mpaka akashika mbavu. “Muulize mwenyewe!” Babu akasema, “Ukikua.”

Oreste Baldazzi alizaliwa tarehe 14 Machi 1938, hapa hapa Quadraro, Roma, mtoto wa tatu wa mwashi Settimio na Bi Argia. Alisoma shule ya msingi miaka mitano, akajaribu ufundi bomba, na mwaka 1953 akaacha, akaenda kubeba nyama buchani. Ripoti yake ya mwisho tunayo nyumbani. Mwalimu ameandika: “Akili anazo. Kuketi hawezi.”

Mwaka 1961 alitumwa studio kupeleka nyama ya karamu kwenye filamu ya Warumi wa kale. Askari mmoja hakutokea, basi babu akavishwa ngao, na buchani hakurudi. Kwa miaka ishirini na miwili alicheza filamu sitini na mbili: askari, jambazi, inspekta, na mara mbili maiti anayefufuka. Mabangoni aliandikwa Clem Barlow ili aonekane Mmarekani. Mama yake alikataa katakata kulipa tiketi kumwona “huyo Barlow wenu”. Hata sauti haikuwa yake. Enzi zile picha zilipigwa bila sauti, maneno yakatiwa baadaye na watu wengine, kwa hiyo wenzake walihesabu tu moja hadi ishirini, midomo icheze. “Wewe kufa tu, Oreste,” mwongozaji alimwambia, “kusema tutakusemea.”

Pale baa ya mtaani walimpokea kwa kelele: “Oreste! Si tulikuzika wiki iliyopita?”

“Nimesahau kofia,” alijibu.

Filamu za namna ile zilipokwisha, akawa bawabu wa shule hadi alipostaafu mwaka 2003. Hakulalamika, ila farasi wa kwenye filamu aliwakumbuka.

Tarehe 6 Juni 1965 alimwoa Ersilia Proietti, mshonaji wa mavazi ya filamu, aliyempima koti la ukapteni. Bibi alikuwa kiziwi tangu utotoni. Watu aliwasoma midomo. Simu haikumfaa, hivyo babu hakuweza kufanya kama waume wengine, kupiga akitoka kazini ili mke atie tambi kwenye maji ya moto. Lakini kila filamu mpya alimpeleka kuitazama, na ukumbi mzima ukinyamaza kwa huzuni, bibi peke yake alikuwa akicheka. Alitutangulia mwaka 2016.

Mwaka 2021 babu aligunduliwa kuwa na saratani ya koo. Upasuaji ulimwokoa, ukachukua sauti. Mimi niliumia sana. Filamu sitini na mbili, na hakuna hata moja yenye sauti yake! Nikaona basi, swali langu limezikwa kabla yake. Alifariki nyumbani, Alhamisi tarehe 9 Novemba 2023, saa nne asubuhi, dirisha likiwa wazi kama alivyopenda.

Ameacha watoto wawili, Loredana na Tiziano, mkwe wake Marcello, dada yake Iole, na wajukuu watatu, nami Flaminia ndiye wa mwisho. Leo tunamlaza kando ya bibi. Mungu ampe usingizi mtamu, na safari hii asiamshwe na mwongozaji yeyote.

Jibu alinipa Septemba iliyopita, ile filamu iliporudi kwenye televisheni. Alinigonga goti nimtazame. Kile kifo cha jangwani kilipofika, naye akafa pale kwenye kiti chake, midomo ikienda sawasawa na ile ya kijana wa kwenye kioo cha televisheni. Akarudia polepole, mara tatu, mpaka nikamsoma midomo kama bibi alivyomsoma:

“Ersilia, tia tambi. Nakuja.”