Wali wa Jumamosi wa Kinue Ozeki, 1941–2024

Tunayemuaga leo ni Kinue Ozeki. Alizaliwa tarehe 3 Februari 1941 hapa Kiryu, mtaa wa Higashi, akiwa mtoto wa pili na wa mwisho wa Yasaku na Ishi Fukasawa, wafumaji wa hariri. Aliyemtangulia ni kaka yake Teizo, aliyeandika haya. Jina walilompa lina hariri ndani yake, maana mwaka ule wazazi hawakuwa na kitu kingine cha kumpa mtoto. Alipofika miaka mitatu, mitambo ya kufumia ya baba yake ilibebwa kwenda kuyeyushwa kwa ajili ya vita, na chakula cha kwanza alichokumbuka maishani ni viazi vitamu vilivyochemshwa bila chumvi. Labda ndiyo sababu, mpaka uzeeni, hakuweza kuona punje ya wali ikitupwa.

Alisoma shule ya msingi miaka sita na ya kati miaka mitatu, akamaliza Machi 1956. Alikuwa hodari wa hesabu. Mwalimu wake alifika nyumbani, akaketi mkekani, akamsihi baba.

"Mzee Fukasawa, huyu binti ana kichwa. Mwache aendelee."

"Na karakana ya akina Ozeki ina mtambo usio na mtu," baba akajibu. "Kichwa chake atakwenda nacho."

Jumatatu iliyofuata aliingia kazini. Alikuwa na miaka kumi na mitano.

Kwa miaka thelathini na minane Kinue alifuma mikanda ya kimono katika karakana ya akina Ozeki, kando ya mfereji. Wakati huo mji huu ulisikika kabla haujaonekana. Mitambo ilianza saa moja asubuhi na mtu aliyezaliwa hapa hakuhitaji saa ya ukutani. Wanawake walizungumza kwa kusomana midomo, na Kinue alisifika kwa kusema utani bila sauti mpaka mwenzake akakata uzi kwa kucheka. Karakana ilifungwa mwaka 1994. Watu hawavai tena mikanda ile, na wachache wanaoivaa wanaikodi kwa saa tatu ili wapigwe picha. Baada ya hapo alifunga tofu, jibini ya soya, kwenye vifuko kiwandani miaka tisa, akirudi na vidole vilivyokunjamana kwa maji. Hakulalamika. Waliolalamika ni wengine, na walikuwa na haki.

Tarehe 12 Aprili 1964 aliolewa na Tokuji Ozeki, fundi wa mitambo wa karakana ileile na mtoto wa mwenye karakana, mtu wa maneno machache na grisi nyingi. Walijaliwa watoto wawili: Shigeo, mwaka 1966, na Michiyo, mwaka 1969.

Hapa ndipo panapostahili kusemwa habari ya wali, kwa kuwa kila aliyeketi hapa leo aliwahi kuunusa, hata kama hakuwahi kuula.

Siku zile Jumamosi ilikuwa nusu siku. Watoto walitoka shuleni saa sita mchana, mitambo ikazimwa kwa saa moja, na nyumba nzima ikala pamoja mara moja kwa juma kabla jua halijageuka. Kinue alipika wali wa kukaanga. Mama mkwe wake ndiye aliyemfundisha. Kila asubuhi, kijiko cha kwanza cha wali wa moto kiliwekwa katika kibakuli cha shaba mbele ya kabati la wafu wa ukoo, ambamo majina ya akina Ozeki yamesimama kwenye vibao. Wafu hula mvuke. Wakishashiba, kinachobaki ni cha walio hai. Kufika mchana wali ule umekauka na kushikana, haufai kitu ila kukaangwa, na Kinue aliuchanganya na ule wa baridi uliobaki katika ndoo ndogo ya mbao.

Hakukuwa na siri. Kikaango cha chuma kilipashwa moto mpaka kikatoa moshi. Mafuta ya nguruwe, kisha yai, na kabla yai halijakubali kuiva, wali juu yake. Aliupiga, akaugeuza, kila punje ikavaa yai. Vitunguu vya majani. Soseji ya samaki iliyokatwa vipande vya ukubwa wa kete. Chumvi. Mwisho, sosi ya soya, lakini si juu ya wali. Aliimwaga ukingoni mwa kikaango ili iungue kidogo, na harufu ile ilivuka mfereji. Aliujaza wali katika bakuli, akalifudikiza juu ya sahani, ukasimama kama kilima.

"Mama, kilima cha Michiyo ni kirefu!" Shigeo alikuwa akilalamika.

"Basi chukua chake, yeye ale chako."

"Sitaki, ameshakinusa!"

"Nimekinusa na nimekipumulia," Michiyo akasema. "Na nimekitemea kidogo."

"Kuleni," Tokuji akasema, na hayo yalikuwa maneno yake ya siku hiyo.

Kinue alikuwa na sheria moja tu: wali wa kukaanga haungoji mtu. Ukiingia kikaangoni, mpishi haondoki, hata mgeni abishe hodi, hata ardhi itikisike. Dakika nne tu. Ukiuacha unaungua chini na kulowa juu, na wali wa wafu haupotezwi hivyo.

Watoto walikua, wakaondoka, kama watoto wote wa mji huu. Serikali ikafuta masomo ya Jumamosi. Leo wali wa kukaanga unauzwa umegandishwa ndani ya mfuko, unapashwa kwenye mashine, na kila mtu hula wa kwake akiwa peke yake, akitazama simu. Kinue hakuacha. Kila Jumamosi alipika, na mwanawe yeyote aliyekuja alikuta kilima.

Tokuji alifariki tarehe 9 Oktoba 2011. Katika kisomo cha kumkumbuka mwaka mmoja baadaye, mtawa wa hekalu alipokwisha kuondoka, likazuka swali la nani atachukua kabati la wafu mama naye akifariki.

"Wewe ndiye mkubwa," Michiyo alimwambia kaka yake. "Ni lako."

"Naishi ghorofa ya kumi na moja. Nitaliweka wapi? Bafuni?"

"Nafasi ya mashine ya kukimbilia unayo, Kaka. Baba ndiye hana nafasi."

"Na wewe je? Una nyumba nzima kule Takasaki, paka wana chumba chao."

"Mimi nimeolewa. Niwapeleke akina Ozeki kwa watu?"

"Basi lichomwe!" Shigeo akasema.

Alilisema mbele ya kabati lenyewe, milango yake ikiwa wazi na ubani ukiwaka. Michiyo akachukua mkoba wake. Tangu siku ile watoto wale wawili hawakuketi tena meza moja, wala kusemeshana.

Kutoka hapo Kinue hakutaka kitu kingine duniani. Hakuomba afya. Alitaka wanawe wapate kula kutoka kikaango kimoja mara moja tu kabla hajafa. Alimwambia hivyo kaka yake, akamwambia mtawa, na alipokuwa akiweka wali asubuhi aliwaambia wafu.

Alingoja karibu miaka saba, kisha akafanya hila. Jumamosi ya tarehe 18 Mei 2019 alimwita Michiyo aje saa tano na nusu, akamwita Shigeo aje saa sita, wala hakumwambia mmoja habari ya mwingine. Alihesabu hivi: Shigeo akishaingia na kuketi, hataweza kuondoka mbele ya sahani ya mama yake. Hesabu yake ilikuwa nzuri, kama kawaida yake. Alisahau viatu.

Michiyo alivua viatu vyake mlangoni, akavigeuza vikatazama nje, kama alivyofundishwa na mama yake mwenyewe. Vilikuwa viatu vyeupe vya kazini, vya kliniki ya meno anakofanya kazi, na hakuna mwingine mwenye viatu vile. Kinue alipaswa kuvificha katika kabati la viatu. Lakini ilikuwa saa sita kasorobo, alikuwa akikata vitunguu, na furaha ilimjaa kichwani.

Saa sita kamili wali ulikuwa kikaangoni, na Michiyo alikuwa uani nyuma akianua nguo. Alisikia mlango ukivutwa. Akasikia, "Mama, nimefika." Kisha akasikia kimya, kirefu kidogo kuliko muda wa kuvua viatu. Alijua palepale mwanawe alikuwa akitazama nini. Moto ulikuwa mkali, yai ndiyo kwanza limeshika. Akageuza wali. Akageuza tena. Akamwaga sosi ukingoni. Alipozima jiko na kukimbilia mlangoni, mlango ulikuwa umeshafungwa, na gari lilikuwa linavuka daraja la mfereji.

Wali ule ulitoka vizuri sana. Michiyo alisema hajapata kula mtamu kama ule. Alimwuliza mama yake kwa nini amepakua sahani tatu.

"Ya baba yako," Kinue akajibu.

Mwaka 2021 moyo wake ulianza kudhoofika, miguu ikavimba. Machi 2023 alianguka jikoni akavunjika kifundo cha mkono wa kulia, na baada ya hapo hakuweza kuinua kikaango. Akalazwa hospitali hapa mjini. Shigeo alikuja kila Jumapili, Michiyo kila Alhamisi, na wauguzi walizoea hivyo kama ratiba ya treni. Kaka yake Kinue alijaribu kuwakutanisha. Alimpigia Shigeo.

"Njoo Jumamosi, kijana. Mama yako anaisha."

"Jumamosi nina kazi, Mjomba."

"Kazi gani Jumamosi? Umekuwa mfumaji?"

"Mjomba, usinianze."

Akampigia Michiyo.

"Nitakuja, Mjomba. Yeye akiwa ndani, mimi nitangoja kwenye gari."

"Mpaka lini?"

"Mpaka atoke."

Hospitalini walimlisha uji mweupe. Aliusukuma kando kwa adabu. Mwishoni mwa Oktoba mwaka huu, kaka yake akiwa ameketi karibu naye, alisema jambo ambalo hakuwahi kumwambia mtu.

"Kaka, siku ile nilimsikia."

"Ulimsikia nani?"

"Shigeo. Nilimsikia amesimama mlangoni. Ningekimbia ningemshika mkono." Akavuta pumzi. "Niligeuza wali mara mbili zaidi. Ningeuacha uungue, Kaka. Wali tu ule."

Kaka yake alimshika mkono ule wa kulia mpaka uji ukapoa.

Kinue alifariki Jumanne, tarehe 12 Novemba 2024, saa nne na dakika ishirini asubuhi, akiwa na umri wa miaka themanini na mitatu. Haikuwa Jumapili wala Alhamisi. Hakuna mwanawe aliyekuwapo.

Ameacha mwana, Shigeo, wa Kawasaki, na mkewe Noriko. Binti, Michiyo, wa Takasaki, na mumewe. Mjukuu mmoja, Kotone. Na kaka yake Teizo. Kabati la wafu halikupata wa kulichukua. Hekalu limekubali kulipokea siku ya arobaini na tisa baada ya kifo, na wali wa asubuhi utakoma hapo.

Leo ni Jumamosi. Mwili utaingia motoni saa tano, na saa sita na nusu tutaitwa kuokota mifupa. Kama tunavyojua sote, mfupa hauokotwi na mtu mmoja. Wawili walio karibu zaidi na marehemu husimama huku na huku, kila mmoja na vijiti vyake, wakaubana mfupa uleule kwa pamoja na kuubeba mpaka kwenye mtungi. Na kwa sababu hiyo, mezani ni mwiko watu wawili kushika tonge moja kwa vijiti vyao. Watakaoanza ni Shigeo na Michiyo. Itawabidi watazamane mikono ili mfupa usianguke. Hawahitaji kusema kitu. Mama yao aliomba kidogo kuliko hapo, naye alikuwa hai.

Kinue na apumzike. Hamngoji tena mtu yeyote.